Kadi Kutoka Hungaria

Jumamosi ya kabla ya Pasaka, mwaka sabini na tano, lori la kijiji lilirudi kutoka Kilosa bila kadi ya Hildegarda. Lilileta magunia kumi na manane ya unga wa njano, pipa la mafuta ya taa, mabati ya zahanati ambayo hakuna aliyejua itajengwa lini, na mfuko wa barua. Hildegarda alisimama pembeni ya foleni ya unga, ingawa haikuwa zamu ya kaya yake, akamngoja katibu wa kijiji, Ndugu Mwinshehe, afungue ule mfuko. Katibu aliufungua, akasoma majina matatu, akaufunga.

"Yangu hakuna, Ndugu Katibu?"

"Hakuna, Mama Marselina."

Alijibu huku anaangalia magunia. Mwinshehe hakuwa mtu wa kukwepa macho ya watu; alikuwa na tabia ya kukukazia macho mpaka ukakumbuka jembe lako uliliacha wapi. Hildegarda aliliona jambo hilo, lakini akalipuuza. Alikuwa na lake moyoni.

Lake lilikuwa sataranji. Najua wapo watakaosema mke wa mkulima na sataranji wapi na wapi, nami sina la kuwafanya. Alifundishwa mchezo huo akiwa msichana wa kazi, katika shamba la mkonge karibu na Kilosa, na mhasibu mmoja Mgiriki aliyekosa mtu wa kucheza naye akaamua kumfundisha aliyekuwa akimpigia pasi mashati. Baada ya mwaka mmoja msichana akawa anamshinda. Mgiriki alipofunga mizigo kurudi kwao, alimwachia ubao, kete na kitabu kimoja kilichochakaa, tena akamwandikisha katika mashindano ya wanawake yanayochezwa kwa posta.

Mashindano yenyewe yalikuwa hivi. Wanawake kumi na watatu, nchi kumi, kila mmoja na ubao wake nyumbani kwake. Unasogeza kete moja, unaandika tarakimu nne kwenye kadi: mbili za chumba inakotoka kete, mbili za chumba inakokwenda. Unaipeleka posta, unangoja mwenzako ajibu. Kwa tarakimu hizo mtu wa Kilosa na mtu wa Hungaria wanaelewana bila kujua lugha moja. Mchezo mmoja unaweza kula miaka mitatu. Hildegarda alikuwa amemaliza michezo kumi na moja, umebaki mmoja tu, dhidi ya mwalimu wa shule wa Hungaria aitwaye Ilonka. Akimshinda, au hata wakitoka sare, atapewa cheo cha bingwa mkuu, na jina lake litaandikwa pamoja na majina ya wale aliowasoma kitabuni. Pesa hakuna. Ni cheo tu, na karatasi yenye muhuri.

Sheria ilikuwa moja ya kuogopwa. Mchezaji asipojibu, hukumbushwa. Ikipita miezi mitatu tangu kadi ya kwanza itiwe posta naye bado kimya, anahesabiwa amejitoa.

Kule kwenye mkonge hakukuwa na tabu. Karani wa barua alizijua kadi za Hilde, alizipokea akicheka na kuzituma akicheka. Lakini Operesheni Vijiji ilipofika mwezi wa Novemba, nyumba za wafanyakazi zilibomolewa, watu wakapakiwa kwenye malori na kushushwa porini, mwendo wa saa mbili kwa miguu kutoka Mikumi, wakaambiwa hiki sasa ndicho kijiji. Mumewe Lupakisyo, aliyekuwa akishika mashine ya kuchakata mkonge miaka kumi na minne, akapewa jembe. Hildegarda alisafiri na ubao mapajani. Hapa hakuna aliyezijua kadi zake.

"Labda huyo Mzungu amechoka," Lupakisyo alimwambia jioni ile, akila.

"Hajachoka. Mtu hachoki akiwa amebakiza miendo sita."

Binti yao Marselina, mwenye miaka kumi, alitaka kujua tena habari za yule Mrusi aliyekuwa mhandisi wa umeme na bingwa wa dunia kwa wakati mmoja. Mama yake alimsimulia. Lupakisyo akasema afadhali huyo, alikuwa na umeme.

Jumanne baada ya Pasaka mgambo alikuja kumwita shambani, kwenye palizi ya bega kwa bega, mbele ya wanawake wote. Akamwita na mumewe. Ofisini walimkuta Mwinshehe, balozi wao wa nyumba kumi Bi Mwamvua, na afisa mmoja kutoka mjini aliyevaa suti ya mikono mifupi. Mezani kulikuwa na jalada, na juu ya jalada kadi mbili. Hildegarda aliutambua mwandiko wa Ilonka akiwa bado mlangoni. Furaha ilimpanda, akanyoosha mkono. Afisa akaweka kiganja chake juu ya kadi.

"Kaa kwanza, ndugu. Tarakimu hizi ni za nini?"

Alieleza. Afisa alisikiliza huku anagonga kalamu mezani, kisha akauliza watu wa Hungaria wanataka nini katika kijiji hiki. Hildegarda akasema hawataki kitu.

"Wanataka kitu," afisa akasema. "Wamelipia stempu."

Mwinshehe aliinamisha kichwa. Sitaki mumwone mtu mbaya, maana hakuwa mbaya. Mwezi wa kwanza alikuwa amehudhuria semina Morogoro, wakafundishwa kwamba adui wa taifa haji na bunduki, huja na vitu vidogo. Alirudi akaikuta kadi kutoka ng'ambo yenye tarakimu nne na neno moja asiloweza kulisoma, imeandikiwa mwanamke aliyeletwa juzi na lori. Alilala nayo siku mbili chini ya mto, roho haimpi. Siku ya tatu akaipeleka mjini mwenyewe. Ya pili ilipokuja akafanya vilevile. Ukimuuliza leo atakwambia angefanya hivyo tena.

Hildegarda aliagizwa akalete ubao aonyeshe. Aliuleta umefungwa ndani ya kanga, akapanga kete, na pale penye ngome iliyopotea njiani akaweka kizibo cha chupa. Kufikia hapo madirisha yote mawili yalikuwa yamejaa watu. Aliwaonyesha farasi anavyoruka na askari anavyotembea. Kwa kuwa afisa hakuonekana kusadiki, akawaeleza habari za mabingwa: kwamba yupo wa Kyuba aliyejifunza akiwa na miaka minne kwa kumtazama baba yake akicheza, hakuna aliyemfundisha, kwamba mabingwa wa kike wa siku hizi wanatoka Urusi, nchi ya kijamaa, na serikali yao inawaheshimu. Alisema haraka haraka, kijasho kikimtoka puani. Dirishani mtu akauliza kwa sauti kama mabingwa hao nao wanapalilia, watu wakacheka.

Kisha afisa akamgeukia Lupakisyo. "Mkeo akiandika tarakimu hizi, wewe unazielewa?"

"Sizielewi."

"Kwa hiyo unamwachia mkeo aandikiane na watu wa nje mambo usiyoyaelewa. Wewe ndiye mwenye nyumba kweli?"

Watu walicheka tena, safari hii zaidi. Lupakisyo aliitazama mikono yake, mikubwa, yenye makovu ya mkonge.

"Mimi nilishamwambia aache," akasema.

Hakuwahi kumwambia. Miaka yote hiyo hakuwahi, hata siku moja, na alikuwa akimchongea kete mpya kila zilipovunjika. Hildegarda alimtazama, yeye akaendelea kutazama mikono yake.

Mwanamke akakusanya nguvu, akasema anaomba jambo dogo tu. Kadi wakae nazo, hata mwaka, lakini wamwache azisome hapohapo mbele yao. Afisa alisema uchunguzi haujakwisha. Basi na wamwambie tu ya kwanza ilitiwa posta tarehe ngapi. Afisa alikunja uso, lakini Mwinshehe, ambaye kusema uongo kulimshinda, aliinama akasoma muhuri: tarehe ishirini, mwezi wa kwanza. Hildegarda alihesabu kwa vidole mapajani. Leo ni tarehe mosi Aprili. Zimebaki siku kumi na tisa, na barua ya ndege kwenda Hungaria huchukua wiki mbili. Machozi yakamtoka mbele ya madirisha yote mawili.

"Kama ni mchezo tu," afisa akauliza, na aliuliza kwa kutaka kujua kweli, "unalia nini?"

Hildegarda alifuta uso kwa ncha ya kanga, akaanza kukusanya kete.

Alhamisi aliomba kibali cha kumpeleka Marselina zahanati ya Mikumi. Mtoto hakuwa na ugonjwa wowote. Alikuwa ameambiwa akohoe, naye akakohoa vizuri mno hata Bi Mwamvua akampa pole na kipande cha muwa. Waliondoka alfajiri. Hildegarda alikuwa na kadi kwenye mkunjo wa kanga. Hakuweza kujibu mwendo asioujua, kwa hiyo aliandika kwa Kiingereza alichofundishwa na Mgiriki: kwamba yu hai, kwamba kadi zimezuiwa ofisini, kwamba anaomba asubiriwe.

Kwa nini asiipeleke posta pale Mikumi? Kwa sababu aliyeuza stempu pale alikuwa shemeji yake Mwinshehe. Alinunua stempu, akamwambia ni za kaka yake wa Songea, akatoka. Mbele ya hoteli za wali na nyama yalipangana malori yaliyotoka Zambia, madereva wanakula. Aliwatazama mmoja mmoja, akamchagua mwenye mvi, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo baba."

"Marahaba, mwanangu."

Dereva huyo aliitwa Timotheo, alikuwa akienda Dar es Salaam. Alimsikiliza bila kumharakisha. Akaichukua kadi kwa vidole vyenye mafuta, akaichomeka juu ya kioo cha lori ili asiisahau, akasema ataitia posta Morogoro siku hiyohiyo. Hildegarda alitaka kumpa ndizi alizobeba, Timotheo akampa Marselina azile yeye.

Njia nzima ya kurudi Hildegarda alikuwa mwepesi. Alimsimulia mwanawe habari ambayo hakuwahi kumsimulia, ya mwanamke wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa sataranji. Alizaliwa Urusi, akahamia Uingereza, akawashinda hata wanaume wenye majina makubwa, akakaa na ubingwa wake miaka kumi na saba. Wakati wa vita bomu likaanguka juu ya nyumba yao, akafa.

"Alikufa akiwa bado bingwa?" Marselina akauliza.

"Bado."

Mtoto akasema basi si haba. Walicheka wote wawili, wakasahau kukohoa hata walipofika kwenye kizuizi cha mgambo.

Timotheo hakuitia kadi posta. Alipofika Morogoro aliichukua, akaona mgongoni sanduku la posta ni la kijiji cha ujamaa, akaona na maneno ya Kiingereza yanayotaja ofisi. Mwezi uliopita alikuwa amelazwa kituoni usiku mzima kwa ajili ya madebe mawili ya mahindi yasiyo na kibali, aliyobebeshwa na mtu asiyemjua. Hakuitupa, kwa kuwa alikuwa mtu mwaminifu na mali ya watu haitupwi. Aliporudi safari ya Zambia, tarehe kumi na mbili, aliegesha lori, akatembea mwendo wote ule mpaka kijijini, akamkabidhi katibu mkononi na kumwambia kuna mama mmoja wa hapa aliisahau hii kwenye lori langu. Aliona amefanya jambo la kistaarabu. Mwinshehe alimshukuru, akampa maji ya kunywa, akaiambatisha kadi kwenye jalada.

Hildegarda hakuambiwa. Aliendelea kuhesabu, akiamini kadi iko angani.

Wiki zile kaya yake ilirudishwa mwisho wa orodha ya unga. Hakuna aliyetoa amri. Karani wa unga aliona tu ni busara. Wanawake wa palizi walianza kumwita Hungaria. Lupakisyo, jioni moja akila, alimwambia mkewe kwamba angekuwa anacheza bao kama watu wengine, haya yote yasingewakuta. Hildegarda akamjibu kwamba hakuwahi kuambiwa aache. Waliishia hapo. Tarehe ishirini Aprili ilipita, ilikuwa Jumapili, akaenda kanisani akaomba kwamba Ilonka awe mtu wa subira.

Jumamosi ya pili ya Mei ulipigwa mkutano wa kijiji. Mwinshehe alisimama na barua kutoka mjini, uso wake umefunguka, na aliisoma polepole ili kila mtu asikie. Uchunguzi umekamilika. Amepatikana mhandisi mmoja anayeujua mchezo huo, ameziangalia kadi, amecheka sana, amethibitisha kwamba ni mchezo halali, tena wa heshima, na Hungaria ni nchi rafiki. Ndugu Hildegarda hana kosa. Kaya yake irudishwe mahali pake kwenye orodha.

Watu walipiga makofi, na waliyapiga kwa moyo, kwa sababu hakuna aliyependa kuishi na adui mlango wa pili. Lupakisyo alisimama ili apige vizuri zaidi. Bi Mwamvua alipiga vigelegele. Mwinshehe akateremka, akampa Hildegarda bahasha kwa mikono miwili, akamwinamia.

"Mama Marselina, kumbe mchezo wenu ni mkubwa. Nimesikia redioni, yule bingwa wa dunia, Mmarekani, wamemvua ubingwa kwa sababu amekataa kuja kucheza. Mtu mzima anasusa! Wewe usingefanya hivyo."

"Nisingefanya," Hildegarda akasema.

Alifungua bahasha akiwa amesimama. Kila kitu kilikuwa kimegongwa muhuri wa zambarau, IMEKAGULIWA. Kadi ya kwanza, ya tarehe ishirini Januari: 4147, Ilonka anashusha ngome yake. Chini yake lile neno ambalo Mwinshehe hakuweza kulisoma. Hildegarda alilijua. Ilonka alikuwa akiomba watoke sare.

Alikuwa ameombwa akubali tu. Neno moja, stempu moja, na angekuwa bingwa mkuu tangu mwezi wa pili.

Kadi ya pili ilirudia yaleyale. Ya tatu, ambayo hakujua kama ipo, haikuwa na tarakimu. Ilonka alikuwa ameuliza kwa Kiingereza kibovu kuliko chake: Je, unaumwa? Rafiki, andika. Kisha kadi yake mwenyewe, yenye stempu isiyogongwa muhuri wa posta na alama za vidole vya mafuta. Aliitazama hiyo muda mrefu kuliko zote. Mwisho barua ya wasimamizi wa mashindano, ya tarehe ishirini na mbili Aprili. Walisikitika. Mchezaji aliyejitoa bila taarifa hufutwa, na michezo yake yote hufutwa pamoja naye, hata ile aliyokwisha kushinda. Katika hesabu ya mashindano ilikuwa sasa kana kwamba wanawake walikuwa kumi na wawili tangu mwanzo.

"Aseme neno!" mtu akapaza sauti. "Mama Hungaria aseme neno!"

Lupakisyo alimgusa kiwiko, anatabasamu, machozi ya furaha yanamlengalenga. Ikabidi aseme. Alikunja karatasi, akaishukuru serikali ya kijiji kwa uchunguzi, akawashukuru wanakijiji wote. Wakampigia makofi tena. Baada ya hapo likaanza shauri la tembo wanaotoka mbugani na kula mahindi, na lilichukua muda mwingi.

Hakuugusa ubao siku mbili. Siku ya tatu aliupanga, akaishusha ngome ya Ilonka ilipotakiwa, akakaa mbele yake tangu asubuhi mpaka watu wanarudi kutoka shambani. Kisha akachukua kadi ya mwisho aliyokuwa nayo, akaandika jina la Ilonka, akaandika tarakimu nne, akaipeleka ofisini.

Mwinshehe alimkaribisha kiti. Alikuwa na furaha ya kumsaidia. Alimweleza kwamba sasa hakuna tena matatizo, ila kuna utaratibu mpya kutoka mjini: kila barua ya nje inaandikwa kwenye daftari. Akalifungua. Lilikuwa jipya, lenye mistari aliyoipiga mwenyewe kwa rula: tarehe, jina la mtumaji, nchi, habari iliyomo.

"Hizi, saba sita saba saba, ni nini?"

"Askari wangu anatoka chumba cha sita, anaingia cha saba."

"Halafu?"

"Mwendo unaofuata anaingia cha nane, anakuwa malkia. Ilonka hana la kumzuia. Nimetazama kila njia."

Mwinshehe aliacha kuandika. "Yaani umemshinda?"

"Nilikuwa namshinda, Ndugu Katibu. Hata hiyo sare nisingeihitaji."

"Hongera sana," katibu akasema, na alisema kwa dhati, akampa mkono. Akaurudisha mkono kwenye kalamu, akaitazama ile nafasi ya mwisho, iliyokuwa na upana wa vidole viwili. Alifikiri. Akaandika, akapuliza wino ukauke, akaligeuza daftari ili mwanamke atie sahihi.

Hildegarda alisoma. Tarehe. Jina lake. Hungaria. Na kwenye habari iliyomo, kwa mwandiko mzuri wa mtu anayejitahidi: Salamu.

Akatia sahihi.